Anayeona Kwanza Hubaki wa Mwisho

Wachezaji wawili wanakutana kwenye korido ya nyumba ya ghorofa. Bunduki zao ni za aina moja, afya zao zimejaa, na wote wamevaa fulana za kuzuia risasi. Sekunde moja baadaye mmoja yuko chini. Aliyeanguka atasema mwenzake ana vidole vyepesi, ana simu ya bei mbaya, au anatumia programu za wizi. Huenda. Lakini mara nyingi pambano hilo huwa limeshaamuliwa kabla risasi ya kwanza haijatoka, na walioliamua ni macho, masikio, nyaya za mtandao na hesabu ya mahali pa kusimama.

Hizi ndizo gemu za batoroyale. Watu wengi hushuka kwa parachuti kwenye eneo moja, huokota silaha, kisha hupigana hadi abaki mtu mmoja au timu moja. Mwaka 2017 Brendan Greene, raia wa Ireland, aliupa mtindo huu umaarufu wa dunia nzima kwa gemu ya PUBG. Machi 2018 toleo la simu likasambaa ulimwenguni, na Free Fire ya kampuni ya Garena ikawafungulia mlango wenye simu za bei nafuu. PUBG Mobile huweka watu 100 kwenye ramani ya Erangel, yenye ukubwa wa kilomita 8 kwa 8. Free Fire huweka watu 50, na mechi yake huisha kwa takriban dakika 10.

Kama wachezaji 100 wangekuwa na uwezo sawa, kila mmoja angeshinda mechi moja katika kila 100. Kwa hiyo anayecheza peke yake na kushinda mechi 5 katika 100 hajabahatisha. Amewazidi wenzake mara tano. Kipimo hicho kikumbukwe kabla ya mtu kukata tamaa.

Safari ya amri moja

Adui anapotokea, mwanga wa skrini huingia jichoni, ubongo humtambua, huamua, kisha hutuma amri kwenye kidole. Kwa kijana mwenye afya kazi hiyo huchukua milisekunde 200 hadi 250 hivi, yaani kama robo ya sekunde, na hapo ni pale anapojua tayari la kufanya. Chaguo zikiongezeka, muda nao huongezeka. Mwanasaikolojia Mwingereza William Hick alilionyesha jambo hilo kwa vipimo mwaka 1952.

Somo lake kwa mchezaji ni hili: usiuache uamuzi hadi adui atokee. Kabla hujaingia mlangoni, uwe umeshaamua kama utapiga, utarusha bomu au utarudi nyuma. Iweke alama ya shabaha usawa wa kichwa, mahali ambapo mtu anaweza kuchomoza, na utembee nayo hivyo hivyo. Wengi hukimbia huku alama imeelekea ardhini, na adui akitokea wanalazimika kuinyanyua, kuisogeza pembeni, ndipo wapige. Aliyejiandaa amebakiza kazi moja tu, kugusa.

Simu nayo ina muda wake. Skrini inayochora picha 30 kwa sekunde huonyesha picha mpya kila baada ya milisekunde 33. Inayochora 60, kila baada ya 17 hivi. Ndiyo maana wazoefu hushusha ubora wa picha na kupandisha idadi ya fremu. Vivuli vizuri na maji yanayometameta havishindi mechi. Adui mwingine ni joto: simu ikipata moto, kichakataji hujipunguzia kasi ili kijilinde, na gemu iliyoanza laini huanza kukwama dakika za mwisho, wakati kila fremu ina thamani. Usicheze simu ikiwa kwenye chaji, vua kava, na funga programu zinazofanya kazi kichinichini.

Halafu kuna mtandao, unaopeleka amri yako hadi kwenye seva, yaani kompyuta inayoendesha mechi. Mwanga ndani ya nyuzi za kioo husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Kebo ya TEAMS, iliyofika Mombasa mwaka 2009 kutoka Fujairah katika Falme za Kiarabu, ina urefu wa kilomita 5,000 hivi. Kwenda na kurudi ni milisekunde 50, hata kama njiani hakuna msongamano wowote. Seva ikiwa umbali wa kilomita 10,000 za kebo, hesabu inafika milisekunde 100. Hakuna bando linaloweza kuivunja sheria hiyo ya fizikia. Unachoweza kufanya ni kuchagua seva yenye pingi ndogo, yaani muda mfupi wa kwenda na kurudi, pale gemu inaporuhusu, kukaa karibu na ruta, na kusitisha upakuaji. Zaidi ya yote tafuta pingi iliyotulia. Mkono huizoea pingi ya 120 isiyobadilika, lakini hauwezi kuizoea inayoruka kutoka 60 hadi 300.

Ucheleweshaji huo una upande wa pili ambao wachache huutumia. Anayechomoza kutoka kwenye kona humwona adui wake papo hapo, ilhali taarifa ya kuchomoza kwake bado iko njiani kwenda kwenye seva, na kutoka huko kwenda kwa adui. Kwa muda mfupi yeye anaona na mwenzake haoni. Kwa hiyo anayesubiri akiwa amesimama wazi, hata kama ametega shabaha vizuri, anaweza kuchelewa. Jifiche kabisa, kisha uchague wewe wakati wa kutokea.

Dole gumba lenye kazi mbili

Mchezaji wa kompyuta hugeuza kichwa kwa mkono na kufyatua kwa kidole, vyote kwa wakati mmoja. Mchezaji wa simu anayetumia madole gumba mawili hana nafasi hiyo. Dole la kushoto linatembeza. La kulia linageuza kamera, linafyatua, linafungua darubini na linaruka. Kila linapohama kutoka kazi moja kwenda nyingine, shabaha inabaki bila mwenyewe.

Suluhisho ni kuzigawa kazi. Ingia kwenye mipangilio ya vitufe, peleka kitufe cha kufyatua juu kushoto ili kipigwe na kidole cha shahada cha kushoto, na kitufe cha darubini juu kulia kwa kidole cha shahada cha kulia. Dole gumba la kulia libaki na kazi moja, kulenga. Siku za mwanzo vidole vitagongana na matokeo yatashuka. Mvumilivu huvuka kipindi hicho.

Ukubwa wa vitufe nao una sheria yake. Mwaka 1954 Mmarekani Paul Fitts alionyesha kuwa muda wa kufikia kitu unategemea umbali wake na ukubwa wake: kilicho mbali na kidogo huchelewesha. Basi vitufe vya dharura, kama kuchutama, kuruka na kujaza risasi, viwe vikubwa na karibu na pale vidole vinapopumzika. Vile vya mkoba na bendeji vinaweza kuwa vidogo na pembeni.

Skrini yenyewe hutambua kidole kwa badiliko la chaji ya umeme, na jasho huivuruga. Kwenye joto la pwani, kitambaa kikavu kando yako, au vile vifuniko vya vidole vyenye nyuzi zinazopitisha umeme, si mapambo.

Teke la bunduki

Kila risasi ikitoka, mtutu hunyanyuka. Kwenye PUBG Mobile mchezaji hulipinga teke hilo kwa kuburuta kidole taratibu kuelekea chini anapopiga mfululizo. Kwenye Free Fire, ambako gemu husaidia kulenga, wazoefu hufanya kinyume: huburuta kitufe cha kufyatua kwenda juu ili shabaha ipande kutoka kifuani hadi kichwani. Anayehama gemu moja kwenda nyingine bila kujua tofauti hiyo atapoteza mechi nyingi akidhani simu yake ni mbovu.

Simu nyingi pia zina jairoskopu, kitambuzi kidogo kinachohisi simu ikiinamishwa. Kikiwashwa kwa ajili ya kulenga, dole gumba hufanya mzunguko mkubwa na viganja hufanya marekebisho madogo. Sensitiviti, yaani wepesi wa shabaha kuitikia mkono, hutegemea mkono wako, lakini ukishaipata iliyokukaa, iache. Anayeibadilisha kila siku hulazimisha misuli ijifunze upya kila siku.

Umbali nao uheshimiwe. Karibu, piga mfululizo. Mbali, piga risasi moja moja. Na usitegemee kulala kifudifudi nyasini: PUBG haichori nyasi za mbali, hivyo adui aliye mlimani na darubini anakuona umelala kwenye uwanja mtupu. Mti, jiwe na ukuta ndiyo kinga.

Masikio hutangulia macho

Mwili huitikia sauti haraka kuliko picha, kwa tofauti ya makumi ya milisekunde. Tena sauti hupita kuta, macho hayapiti. Ubongo hujua sauti imetoka upande gani kwa kulinganisha inavyofika kwenye masikio mawili. Tofauti ya muda haizidi hata milisekunde moja, na bado unaitambua. Spika za simu huchanganya pande hizo. Vaa spika za masikioni, na ziwe za waya, kwa sababu nyingi zisizo na waya huchelewesha sauti kwa zaidi ya milisekunde 100. Kisha punguza kelele zako mwenyewe: ukikaribia nyumba, acha kukimbia.

Hesabu ya duara

Mechi ikiendelea, eneo salama, duara ambalo nje yake mchezaji huumia, huzidi kupungua, na wengi hufikiria kipenyo chake tu. Ukweli uko kwenye eneo: nusu kipenyo ikipungua kwa nusu, eneo hubaki robo. Mwanzoni mwa mechi ya Erangel, kilomita 64 za mraba zikigawanywa kwa watu 100, kila mmoja ana uwanja wa kama mita 800 kwa 800. Wakibaki 10 kwenye duara lenye nusu kipenyo cha mita 100, kila mmoja ana kama mita 56 kwa 56. Hapo hakuna tena kukutana kwa bahati mbaya, na jongeo lolote linaonekana.

Mbinu salama ni kuufuata ukingo. Aliye katikati anaweza kupigwa kutoka pande zote. Aliye ukingoni, akiwa ametangulia kuingia, ameupa mgongo ukanda wa hatari na anaangalia nusu tu ya dunia. Lakini akague kwanza nyuma yake, maana waliochelewa huingia kwa njia hiyo hiyo. Na asichelewe yeye: mwanzoni ukanda huo huuma kidogo, mwishoni huua haraka.

Kuhusu milio ya bunduki, wahenga walishasema: vita vya panzi, furaha ya kunguru. Timu mbili zikipigana, ya tatu hufika ikiwa na afya kamili na magazini zilizojaa. Uwe kunguru inapowezekana. Na ukishinda pambano, usikimbilie sanduku la marehemu. Jaza risasi, jitibu, sikiliza, kisha okota ukiwa nyuma ya kinga.

Nne kwa tatu

Wanaocheza kwa timu wana mwalimu asiyejulikana sana, mhandisi Mwingereza Frederick Lanchester. Mwaka 1916, katika kitabu chake kuhusu ndege vitani, alieleza kuwa pande mbili zinapolengana moja kwa moja, nguvu ya kila upande hukua kwa mraba wa idadi yake. Wanne dhidi ya watatu wenye uwezo sawa si 4 kwa 3, ni 16 kwa 9. Kwa hesabu hiyo, upande wa watatu ukimalizika, ule wa wanne unabaki na watu wawili na zaidi.

Maana yake, mtu wa kwanza kuanguka ndiye huamua pambano. Wote wanne wampige adui mmoja kwa pamoja, badala ya kila mmoja kuchagua wake. Akianguka, songeni mbele mara moja kabla hajainuliwa. Akianguka wa kwenu, tupeni moshi, rudini nyuma, mumwinue. Msijaribu kulipiza watatu kwa wanne. Na mazungumzo yawe mafupi: idadi, upande, umbali. "Wawili, kaskazini, nyuma ya gari" inatosha.

Zoezi na usingizi

Mwaka 2002 Matthew Walker na wenzake walichapisha utafiti wa watu waliojifunza kubonyeza vitufe kwa mpangilio fulani. Waliolala usiku waliongeza kasi kwa takriban asilimia 20 bila kufanya zoezi la ziada. Waliokaa macho kwa muda uleule hawakupata nafuu hiyo. Basi mazoezi ya dakika 20 kwenye uwanja wa kujifunzia, yakifuatwa na usingizi wa kutosha, yana faida kuliko kukesha hadi alfajiri ukipoteza mechi kwa hasira. Mavazi ya kununua na rangi za bunduki hupendezesha tu, na programu za wizi huishia kufungiwa akaunti.

Usijaribu mambo haya yote kwa mkupuo. Wiki hii panga vitufe, ijayo shika teke la bunduki, inayofuata jifunze ukingo wa duara. Na kila ukianguka, jiulize swali moja kabla ya kuanza mechi nyingine: nani alimwona mwenzake kwanza, na kwa nini? Anayelijibu kwa ukweli atapanda daraja hata kwa simu ya kawaida.