Kupima Chuoni Si Aibu

Likizo iliyopita kijana mmoja wa chuo kikuu alikuja zahanati yetu wakati wa magharibi, wagonjwa wote walipokwisha kuondoka. Kwa wiki tatu alikuwa akitokwa na usaha na kusikia maumivu akikojoa. Nilimwuliza kwa nini hakutibiwa chuoni. Akajibu, "Daktari, wanaopanga foleni kule ni wenzangu wa darasa moja."

Nilimpa dawa za kisonono, nikampima damu. Majibu yake ni siri yake. Lakini nilimwambia lazima mchumba wake naye atibiwe. Mwanamke mwenye kisonono mara nyingi haoni dalili yoyote, na asipotibiwa mirija ya uzazi huweza kuziba akakosa mtoto. Aibu ya foleni ingeweza kumwondolea msichana huyo uzazi wake.

Wanafunzi wa vyuo na wazazi wao wajue mambo haya:

Kwanza, Sheria ya UKIMWI ya mwaka 2008 inamtaka mhudumu wa afya atunze siri ya majibu ya mtu.

Pili, sheria hiyo ilirekebishwa mwaka 2019, na mtu mzima anaruhusiwa kujipima VVU mwenyewe. Kipo kipimo kinachopitishwa kwenye ufizi, nacho hutoa majibu kwa dakika 20 hivi. Kikionyesha mistari miwili, aende kituoni apimwe tena kwa uhakika. Ikithibitishwa kuwa anavyo, dawa hutolewa bure.

Tatu, kipimo hicho cha VVU hakionyeshi kisonono wala kaswende. Kwa magonjwa hayo ni lazima kufika kituoni.

Nne, aliyekutana na hatari jana asitegemee kipimo cha leo, maana virusi huchukua muda kuonekana. Aende kituoni kabla ya saa 72 kupita apewe dawa za kuzuia VVU, kisha arudie kupima kama atakavyoelekezwa.

Wazazi wenzangu wa kijijini, tunauza mazao na mifugo ili watoto wasome. Tusiwafunge midomo kwa ukali. Kabla mtoto hajapanda basi kurudi chuoni, mwambie: "Mwanangu, ukiona dalili au ukiwa na shaka, nenda kapime siku hiyo hiyo, wewe na mwenzako. Usingoje likizo."