Mapanki Yetu Katika Senema

Mkaaji wa Mwanza hahitaji kufundishwa mapanki ni kitu gani. Ni kichwa na mifupa ya sangara, yaani mabaki baada ya minofu kukatwa kiwandani ipelekwe Ulaya. Lakini watazamaji wa Paris na Vienna wengi hawakuyajua mpaka mwaka 2004, walipoonyeshwa na Bwana Hubert Sauper.

Mtengenezaji huyu wa picha alizaliwa Kitzbühel, Austria, mwaka 1966. Mwaka 1997 alikuwa akiwafuata wakimbizi wa Rwanda katika misitu ya Kongo, kazi iliyozaa picha yake Kisangani Diary. Asimulia mwenyewe kwamba wakati huo aliona hapa Mwanza ndege mbili kubwa za mizigo: moja yaleta tani 45 za njegere kutoka Marekani kwa ajili ya wakimbizi wenye njaa, na ya pili yaondoka na tani 50 za samaki kwenda Ulaya. Sisi tuliozoea ngurumo za ndege hizo hatukuona ajabu. Mgeni aliona, akarudi na kamera ndogo, akatengeneza Darwin's Nightmare, maana yake Jinamizi la Darwin.

Mwaka 2006 picha hiyo ilipata tuzo ya César huko Ufaransa na kupendekezwa kwa tuzo ya Oscar. Mwaka huo huo Rais Kikwete aliikemea hadharani, na watu wakaandamana mjini Mwanza kuipinga.

Tuseme haki. Picha ina kosa, tena si dogo: yamvuta mtazamaji aamini kwamba ndege hizo zilileta silaha Mwanza, bali haionyeshi hata sanduku moja la risasi likishushwa hapa. Rubani asimulia habari za Angola, na Angola si Mwanza. Mtu aliyechuma riziki yake kwa sangara alikuwa na sababu ya kukasirika, maana mnunuzi wa Ulaya akimwogopa samaki, wa kwanza kukosa mshahara ni mfanyakazi wa kiwandani.

Ila mapanki hayakutungwa. Akina mama waliosimama kati ya vichanja na funza, mmoja jicho lake limeharibiwa na hewa kali ya uozo, hawakuwa waigizaji. Katika kelele zote za mwaka ule, ni nani aliyekwenda kuwauliza wao waionaje picha hiyo? Twashuku hata kwamba wengi walioilaani barabarani hawakuwa wameitazama.

Bwana Sauper hakukaa kimya. Mwanahistoria wa Kifaransa, François Garçon, alipomshutumu, alimshtaki kwa kumvunjia heshima, na mahakama ya Paris ikampa haki mwaka 2008. Kisha akaunda kindege chake mwenyewe, akaruka nacho mpaka Sudan. Matokeo yake ni We Come as Friends ya mwaka 2014. Mwaka 2020 alitoa Epicentro, juu ya Kuba.

Akina mama wa vichanja hawajapata kamera yao.