Je, Wajua? Mswahili aliyeihoji televisheni

Je, wajua kuwa mwaka 1986, Profesa Ali Mazrui alipokuwa akiwasimulia Waingereza na Wamarekani habari za Afrika kwenye televisheni, Tanzania Bara haikuwa na kituo hata kimoja? Mkulima wa vitunguu wa Lumuma, huku Kilosa, alikuwa na redio yake ya betri basi. Zanzibar walikuwa na televisheni, tena ya rangi, tangu miaka ya 1970. Bara tulingoja hadi 1994. Ya taifa, TVT, ikaja mwaka 2000.

Je, wajua kuwa kipindi hicho cha Mazrui cha televisheni, The Africans: A Triple Heritage, kilikuwa na sehemu 9 na kiliandaliwa na BBC ya Uingereza pamoja na PBS ya Marekani? Mazrui, mzaliwa wa Mombasa mwaka 1933, alisema Mwafrika ana urithi wa pande tatu: mila zake, Uislamu na Magharibi. Washington kukawaka. Lynne Cheney, mkuu wa mfuko wa serikali uliochangia gharama, alitaka jina la mfuko lifutwe kwenye orodha ya wafadhili. Mazrui hakurudi nyuma, na mimi namheshimu kwa hilo.

Je, wajua kuwa Henry Louis Gates, mwanazuoni Mmarekani maarufu, aliwahi kuishi Tanzania? Ukipanda treni Kilosa, ukaipita Dodoma, unaingia Manyoni; huko, katika hospitali ya misheni ya Kilimatinde, mwaka 1970 hadi 1971 kijana huyo wa Yale alikuwa akiwapa wagonjwa dawa ya usingizi kabla ya kupasuliwa. Mwaka 1999 alirudi Afrika na kamera. Kwenye kipindi chake, Wonders of the African World, aliwabana Waswahili wa pwani: mbona ngozi nyeusi, nanyi mwataja babu wa Uarabuni na Uajemi?

Mazrui alikikosoa kipindi hicho vikali kwa maandishi. Swali hilo lilimgusa: ukoo wake wenyewe, wenye asili ya Oman, uliwahi kutawala Mombasa. Pwani mtu huhesabu nasaba kwa baba, rangi ya mama iwe yoyote. Anayeuliza bila kulijua hilo huwaaibisha wenyeji mbele ya watazamaji wa dunia nzima, nao hawana kamera ya kujibia.

Mazrui alifariki Marekani Oktoba 2014, akazikwa kwao Mombasa.

Je, wajua kuwa hata watu wa kawaida, wasio na kamera, walizijibu picha za kigeni? Dar es Salaam alikuwapo Lufufu, aliyezisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili juu ya sauti za asili. Kwenye kibanda umiza, yaani ukumbi wa video wa mtaani, mkanda ukiingia kwenye deki na TV ya chogo ikiwaka, watu wamebanana kwenye mabenchi ya mbao, Mchina wa kung fu anafungua mdomo, na anayezungumza ni Lufufu.