Mama arudipo kazini, nani atabaki na mtoto?

KABLA ya saa kumi na mbili alfajiri, vichochoro vya Mukuru kwa Njenga jijini Nairobi huwa tayari vimejaa akina mama. Baadhi huelekea Eneo la Viwanda. Wengine huenda South B na Imara Daima kutafuta vibarua vya kufua nguo. Wenye watoto wachanga hupitia kwanza kwenye mlango fulani wa mabati, wakamkabidhi mwenye nyumba mtoto, uji na nepi chache, kisha wakaharakisha kuondoka kabla kilio hakijaanza. Juu ya mlango huo pameandikwa kwa rangi kuwa hapo ni mahali pa kulelea watoto, au 'beibi kea' kama wakazi wanavyopaita.

Huo ndio uamuzi mzito zaidi ambao mzazi huyo ataufanya siku hiyo. La kusikitisha ni kwamba wengi huufanya bila kujua waulize nini, wala wamwulize nani.

Chanzo cha tatizo ni hesabu rahisi. Sheria ya Ajira ya 2007 inampa mama likizo ya uzazi ya miezi mitatu kwa malipo kamili, na baba majuma mawili. Kwa upande mwingine, mtoto hupokewa katika darasa la kwanza la chekechea, yaani PP1, akiwa na umri wa miaka minne. Baina ya nyakati hizo mbili pana pengo la miaka mitatu na miezi tisa ambalo kila familia huachiwa izibe ijuavyo. Isitoshe, wahudumu wa afya humhimiza mama amnyonyeshe mtoto bila kumpa chakula kingine kwa miezi sita, ilhali kazi inamwita katikati ya kipindi hicho. Mama wa kibarua, ambaye hana mwajiri wa kumwandikia barua, hana hata hiyo miezi mitatu.

Sheria ya Afya ya 2017 ilijaribu kupunguza makali hayo. Inawataka waajiri kutenga mahali safi na pa faragha pa kunyonyeshea au kukamulia maziwa, na kumpa mama mapumziko ambayo kwa jumla hayazidi saa moja katika kila saa nane za kazi, mbali na muda wa kawaida wa chakula. Choo si mahali hapo, na mfanyakazi ana haki ya kusema hivyo. Maziwa yaliyokamuliwa yanaweza kuachiwa mlezi, ambaye ni heri ampe mtoto kwa kikombe kidogo kuliko chupa, kwa sababu kikombe ni rahisi kuosha kikatakata.

Ni nani basi mwenye jukumu la kusimamia vituo vya malezi? Jibu limo katika Katiba ya 2010. Jedwali la Nne linazikabidhi serikali za kaunti elimu ya chekechea pamoja na vituo vya kulelea watoto. Kaunti ya Nairobi ilipitisha sheria yake kuhusu vituo hivyo mwaka wa 2017, inayohitaji kila kituo kisajiliwe na kukaguliwa. Kwa hivyo mzazi anayeomba kuonyeshwa cheti cha usajili hamvunjii mtu heshima. Asipoonyeshwa, anaweza kuuliza katika ofisi ya wadi au kwa maafisa wa elimu ya chekechea wa kaunti.

Hata hivyo, ni bayana kwamba vituo vingi katika mitaa ya mabanda havina cheti. Si vyote vilivyo vibaya. Aghalabu mwenye kituo ni mama wa mtaa huohuo, mwenye chumba kimoja cha kupanga, anayetoza kuanzia takriban Sh50 kwa siku na kumsubiri aliyekosa kibarua alipe kesho. Masharti yanayomfaa mwenye nyumba ya ua na bustani humfanya huyu ajifiche tu. Na afisa anayefunga kituo bila kuonyesha kingine humrudisha mtoto ndani ya chumba kilichofungwa kwa kufuli, aachwe na kaka au dada wa miaka saba. Hiyo ni hatari kubwa kuliko chumba kisicho na cheti.

Pamoja na hayo, mzazi asikubali kila mlango. Ni vyema akizuru kituo adhuhuri bila kutoa taarifa, kwa kuwa asubuhi na jioni kila kituo hupangwa kupokea wageni. Ahesabu watoto, kisha ahesabu watu wazima. Mtu mmoja hawezi kuwatazama wachanga kumi na watano, hata akiwa na moyo wa dhahabu. Atazame kama dirisha linafunguka, kama jiko la makaa limo ndani ya chumba wanamolala watoto, choo kiko wapi, na kama maji ya kunawa yapo karibu. Aulize ni akina nani wengine wanaoishi au kuingia mle, wakiwemo wanaume wa nyumba hiyo. Aone pia kama watoto wanachezeshwa na kusemeshwa, au wameketishwa tu kimya mbele ya runinga.

Ukimya huo si wa kupuuzwa. Mtoto anayelala mchana kutwa kila siku, akachukuliwa jioni akiwa bado mzito wa usingizi na asiye na hamu ya kula, huenda amepewa dawa ya mafua inayosinziisha ili asisumbue. Mzazi anayeona dalili hizo ampeleke mtoto hospitalini kwanza; mazungumzo na mlezi yangoje. Visa vya dhuluma dhidi ya watoto huripotiwa bila malipo kupitia nambari ya simu 116, au kwa afisa wa watoto wa kaunti ndogo.

Mwaka wa 2018, Shirika la Afya Duniani, UNICEF na Benki ya Dunia zilichapisha mwongozo unaotaja mambo matano ambayo mtoto mdogo huhitaji kwa pamoja: afya, lishe, usalama, nafasi ya kujifunza mapema, na mtu mzima anayeitikia anapoitwa. Hilo la tano halihitaji fedha, na ndilo huwa la kwanza kukosekana.

Yako mashirika yanayowafunza wanawake wenye vituo badala ya kushindana nao. Kidogo na Tiny Totos, yaliyoanzia kazi yao Nairobi, huwafundisha usafi, michezo, utunzaji wa hesabu na jinsi ya kuboresha chumba kidogo. Mzazi anaweza kuuliza kama mlezi amewahi kupata mafunzo ya aina hiyo. Manufaa yake hayaishii kwa mtoto. Utafiti uliofanywa Korogocho na watafiti wa APHRC na wa Chuo Kikuu cha McGill cha Canada ulionyesha kuwa akina mama waliopunguziwa gharama ya malezi walikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kuwa na kazi kuliko wenzao ambao hawakupunguziwa.

Familia zenye uwezo kidogo huajiri yaya. Agizo la mishahara la Novemba 2024 liliweka kima cha chini cha yaya katika Nairobi, Mombasa na Kisumu kuwa Sh16,113.75 kwa mwezi, bila marupurupu ya nyumba. Nyumba zinazolipa kiasi hicho ni chache, na mwajiri anayelipa theluthi yake hapaswi kushangaa yaya akihama bila kuaga. Kabla ya kumwajiri, ni muhimu kuona kitambulisho chake, kuzungumza na alikotoka, na kukaa naye nyumbani siku kadhaa. Binti anayepaswa kuwa darasani si yaya. Naye ni mtoto anayehitaji mlezi.

Katika Pwani, wazazi walipata njia nyingine. Miaka ya themanini, kwa msaada wa Wakfu wa Aga Khan, madrasa za Mombasa zilianza kufundisha masomo ya chekechea sambamba na dini, baada ya viongozi wa Kiislamu kulalamika kuwa watoto wao walikuwa wakiachwa nyuma walipojiunga na darasa la kwanza. Bi Swafiya Said alikuwa miongoni mwa waasisi wa mpango huo, ambao baadaye ulifika Zanzibar na Uganda. Siri yake ilikuwa kamati za wazazi wenyewe, waliochagua walimu na kusimamia fedha.

Kuna msaada ambao wengi huupita mlangoni. Katika kliniki za umma, mtoto wa miezi sita hadi miaka mitano hupewa vitamini A kila baada ya miezi sita, na kampeni za Malezi Bora hufanywa Mei na Novemba. Kitabu cha kliniki kina kurasa za kufuatilia mtoto anapoketi, anapotembea na anapotamka maneno. Kurasa hizo husahaulika baada ya chanjo ya mwisho. Mtoto anayechelewa apelekwe katika kituo cha serikali cha kutathmini watoto wenye ulemavu, maarufu kama EARC, ambako wataalamu humwelekeza mzazi kuhusu tiba na shule. Mhudumu wa afya wa kijiji, kati ya wale waliozinduliwa kote nchini Septemba 2023, anaweza kumwonyesha kilipo.

Mtoto atimizapo miaka minne, chekechea za kaunti huwa nafuu kubwa. Nairobi, mpango wa chakula ulioanzishwa mwaka wa 2023 humwezesha mtoto kupata mlo kwa Sh5. Lakini kabla ya kununua sare, mzazi aulize kengele ya mwisho hulia saa ngapi. Katika shule nyingi watoto wa PP1 huruhusiwa kwenda nyumbani adhuhuri, wakati mama bado yuko kiwandani, na mlango wa mabati wa Mukuru hubishwa tena kwa ajili ya nusu ya siku iliyosalia.