Hildur Guðnadóttir na Sauti ya Kisichoonekana

Katika filamu nyingi mtunzi wa muziki huitwa mwishoni, picha zikiwa zimekwisha kupigwa na kuhaririwa, lakini kazi ya Hildur Guðnadóttir, mpiga sello aliyezaliwa Iceland mwaka 1982, inaonyesha kwamba muziki unaweza kubeba maana ambayo kamera haiwezi kuifikia. Muziki wake ni ule wa kujenga hali, yaani muziki usiotegemea wimbo wa kushikika kichwani bali sauti nzito zinazosogea polepole, zikimfanya mtazamaji ahisi hatari au upweke kabla hajaelezwa neno lolote.

Tamthilia ya televisheni ya Chernobyl, ambayo Hildur aliitungia muziki na iliyotoka mwaka 2019 katika sehemu 5, inahusu kinu cha nyuklia kilicholipuka nchini Ukraine, wakati huo ikiwa ndani ya Umoja wa Kisovieti, tarehe 26 Aprili 1986. Mhusika wake mkuu, kwa kweli, ni mionzi, nishati inayopenya mwilini na kuua bila kuonekana wala kunusika, na ndiyo maana mtunzi alilazimika kuitafutia sauti. Alikwenda Ignalina, Lithuania, kwenye kituo cha umeme wa nyuklia kilichozimwa mwaka 2009 na chenye vinu vya aina ileile, ambako sehemu ya tamthilia hiyo ilipigwa picha. Humo ndani, akiwa na mtaalamu wa kurekodi Chris Watson, alinasa milio ya milango, mashine na kumbi tupu. Walirekodi pia mwangwi wa vyumba, yaani namna kila chumba kinavyoirudisha sauti, ili baadaye kompyuta iweze kuifanya sauti nyingine isikike kana kwamba imetolewa mumo humo. Ala za kawaida hakuzitumia. Kwa milio hiyo na sauti ya koo lake mwenyewe alitunga muziki ambao, kwa haki kabisa, unatisha kuliko ngoma na tarumbeta za filamu nyingi za kutisha.

Katika filamu ya Joker, ya mwaka huohuo, mwongozaji Todd Phillips alimpa Hildur muswada mapema, naye akaanza kutunga kabla kamera hazijawashwa. Sello husikika kama iko peke yake, huku okestra ikiwa nyuma yake kwa mbali na kuizidi nguvu kadiri mhusika mkuu anavyobadilika. Tukio ambamo mhusika huyo anacheza chooni halikuandikwa liwe la kucheza. Phillips alimpigia mwigizaji mkuu, Joaquin Phoenix, muziki huo, naye akaanza kucheza taratibu kwa kuufuata, na ngoma hiyo ndiyo iliyobaki kwenye filamu.

Muziki wa Joker ulimpatia Hildur tuzo ya Oscar mwezi Februari 2020. Mwongozaji anayemwita mtunzi baada ya kila kitu kwisha hujinyima mwenyewe tukio kama lile la chooni.