Sindano ya Shaba katika Mighani ya Fumo Liyongo

Jagina wa mighani hafi kama watu wengine. Mshale, gereza na njaa humshindwa. Huwepo kitu kimoja tu kinachoweza kumuua, na siri yake hujulikana na wachache. Kwa Fumo Liyongo kitu hicho ni sindano ya shaba ikichomwa kitovuni. Watahiniwa wengi huitaja sindano hii kwa sentensi moja kisha wakaendelea na mambo mengine. Hapo huachilia alama, maana kisa kizima kimeegemea papo.

Tunakisoma kisa hiki katika utenzi wa Muhamadi Kijumwa wa Lamu, ulioandikwa mwaka wa 1913, ingawa masimulizi yenyewe ni ya kale zaidi. Mfalme wa Pate anamwogopa Liyongo na kumtia gerezani. Mama yake anaficha tupa ndani ya mkate wa wishwa. Walinzi, ambao wamezoea kula mikate mizuri anayoleta mjakazi Saada, wanaudharau mkate huo na kumwachia mfungwa. Liyongo anakata minyororo huku watu wakiimba gungu, anatoroka. Mfalme sasa anamgeukia mwanawe Liyongo: amuue babake, naye ataozwa binti wa mfalme. Kijana anamwendea baba, anamuuliza ni kitu gani kinachoweza kumdhuru, na baba anamwambia.

Linganisha tupa na sindano. Zote ni vyuma vidogo vinavyofichika. Moja inatoka kwa mama na inamwokoa. Nyingine inatoka kwa mwana na inamuua. Mwanafunzi anayeliona hili ana hoja nzuri ya kujibu swali la maudhui ya usaliti, wala hahitaji kukariri kisa chote.

Kwa nini shaba, si chuma? Chuma kilikuwa cha kila mtu: jembe, kisu, ncha ya mshale. Shaba ilikuwa na heshima yake pwani. Masultani wa Kilwa walifua sarafu za shaba, na siwa maarufu ya Lamu, ile baragumu kubwa ya sherehe, ni ya shaba. Kwa hivyo huenda shaba hapa inaashiria mamlaka: ni mkono wa mfalme ndani ya mkono wa mtoto. Hii ni tafsiri. Ukiitumia katika mtihani, andika "huenda" kisha utoe ithibati.

Kitovu nacho si mahali pa kubahatisha. Ndipo mtoto alipounganika na mamake, na hadi leo tunasema kwao mtu ni pale kitovu chake kilipozikwa. Mwana anamchoma baba mahali penye ukoo.

Nyinyi mnaosoma huku Ikonge mna mfano wa karibu, kwa jirani zetu Waluo. Mwili wa Luanda Magere ulikuwa jiwe, tena si kama lile la Tabaka linalokwaruzika kwa ukucha. Mikuki iliugonga ikaanguka. Udhaifu wake ulikuwa kivulini. Aliyeigundua siri hiyo ni mke aliyetoka upande wa adui, alipokuwa akimuuguza. Jiwe na shaba ni vitu tofauti kabisa, lakini kazi yake katika msuko ni ile ile: adui wa nje hafiki mpaka afunguliwe mlango na mtu wa nyumbani. Swali likikutaka ulinganishe majagina wawili, anzia hapo.

Tahadhari mbili. Usiandike "sindano ya chuma". Kosa hilo hurudi mwaka baada ya mwaka. Pili, ukisikia msimulizi akisema "kisu cha shaba" au "jambia la shaba", usishtuke. Fasihi simulizi hubadilika kwa fanani na hadhira. Shaba na kitovu ndivyo visivyobadilika.

Baada ya kuchomwa, Liyongo alichukua uta na mshale, akaenda kupiga goti karibu na kisima, akafa katika hali hiyo. Watu walidhani yu hai, wakaogopa kuteka maji, mpaka mwili ulipoanguka. Kijana hakumpata binti wa mfalme.

Zoezi: "Silaha iliyomuua Fumo Liyongo ni siri, si shaba." Jadili. (alama 10)