Max Linder: Nyota wa filamu bubu aliyerudishwa na bintiye

Kabla Charlie Chaplin hajajulikana, watazamaji wa sinema katika nchi nyingi walimcheka Mfaransa mmoja mwenye masharubu, kofia ndefu ya hariri na bakora mkononi. Alikuwa Max Linder.

Alizaliwa mwaka 1883 karibu na Bordeaux, katika familia ya wakulima wa mizabibu, na jina lake halisi lilikuwa Gabriel Leuvielle. Mwaka 1905 alianza kuigiza katika filamu fupi za kampuni ya Pathé. Huko alimbuni "Max", kijana tajiri na mtanashati ambaye kila ajitahidipo kulinda heshima yake, ndipo anapozidi kuaibika. Baadaye akawa mwongozaji wa filamu zake mwenyewe.

Vita Vikuu vya Kwanza viliidhoofisha afya yake. Hata hivyo, akiwa Marekani alitengeneza "Seven Years Bad Luck" ya mwaka 1921. Humo watumishi wanavunja kioo. Ili kuficha kosa, mpishi anasimama nyuma ya fremu tupu na kuiga kila tendo la bwana wake anayejinyoa.

Linder na mkewe walifariki dunia mwaka 1925, yeye akiwa na umri wa miaka 41. Binti yao, Maud, hakuwa ametimiza miaka miwili. Alipokua, alizisaka filamu za baba yake, nyingi zikiwa zimepotea, na mwaka 1963 akatoa filamu iliyokusanya kazi zake za Marekani. Baba asiyemkumbuka alimjua kupitia filamu hizo.